Mtu Aliyewafundisha Mabaharia Kulala Juu ya Maji

Wasomaji wetu wakaao kando ya Ziwa Viktoria, na wale ambao njia yao ya kwenda sokoni hukatiza mto, hawahitaji kuambiwa kwamba maji huua. Mtumbwi hupinduka kwa wimbi moja. Mtoto huteleza akichota maji. Na mto uliokuwa wa kufika magotini asubuhi huwa wa kufika shingoni jioni, baada ya mvua kunyesha milimani. Wengi wanaikumbuka meli ya MV Bukoba iliyozama karibu na Mwanza tarehe 21 Mei, 1996, ikafa nayo mamia ya watu, hali safari ilikuwa karibu kwisha. Shirika la Afya Ulimwenguni limehesabu kwamba katika mwaka wa 2021 peke yake watu wapatao 300,000 walikufa maji duniani, na wengi wao walikuwa watu wa nchi zisizo tajiri.

Kwa sababu hiyo tumeona vema kusimulia habari za Bwana Adolph Kiefer, mtu wa mji wa Chicago katika Marekani. Bwana huyu alikuwa bingwa wa dunia nzima katika mashindano ya kuogelea chali, yaani kuogelea mgongo ukiwa chini na uso ukitazama mbingu. Alipata nishani ya dhahabu katika Michezo ya Olimpiki ya mwaka 1936. Lakini nishani si sababu yetu ya kumwandika. Mabingwa wa michezo ni wengi, na nishani zao hukaa kabatini. Bwana Kiefer alichukua jambo lile lile lililompa nishani akalifanya kuwa mafunzo ya watu wasiojua kuogelea hata kidogo, na mafunzo hayo yaliwafikia watu zaidi ya milioni mbili.

Mwanzo wake ulikuwa woga

Adolph Kiefer alizaliwa Chicago tarehe 27 Juni, 1918. Wazazi wake walikuwa wametoka Ujerumani, na baba yake alikuwa fundi wa kutengeneza peremende. Mji wa Chicago umejengwa ufukoni mwa Ziwa Michigan, ziwa kubwa ambalo upana wake wote haupungui sana upana wa Ziwa Viktoria letu, ila wakati wa baridi kingo zake huganda barafu. Katikati ya mji hupita mto na mifereji mikubwa ya kuondolea maji machafu.

Alipokuwa mtoto mdogo, Adolph alianguka katika mfereji mmojawapo wa hiyo. Hakujua kuogelea. Yeye mwenyewe alisimulia mara nyingi, hata alipokuwa mzee, kwamba jambo lililomtisha zaidi lilikuwa maji kuingia puani. Basi ili pua yake isiingie maji aligeuka akalala chali, akapiga miguu mpaka akafika ukingoni.

Naomba msomaji asimame kidogo hapa. Waswahili husema kwamba mfa maji haachi kutapatapa, na ni kweli tupu: mtu aangukaye majini bila kujua kuogelea huinua mikono juu, hunyosha shingo, hupiga kelele kama bado ana pumzi, na kila afanyacho humzamisha zaidi. Mtoto huyu alifanya kinyume. Hakufanya hivyo kwa akili nyingi wala kwa ushujaa, bali kwa kuchukia maji ya puani tu. Lakini kwa kugeuka chali alikuwa amegundua siri ambayo miaka mingi baadaye maofisa wa jeshi walihitaji kuambiwa.

Baada ya kisa hicho alipelekwa kufundishwa kuogelea, naye akaendelea kupenda kuogelea chali kuliko mitindo mingine yote. Baba yake alimwambia kwamba siku moja angekuwa mwogeleaji bora kuliko wote duniani. Baba huyo alifariki Adolph angali mvulana, asiyaone yaliyotokea. Yeye hakulisahau neno lile.

Kuogelea chali ni nini

Labda wapo wasomaji ambao hawajapata kuona mashindano haya, basi tuyaeleze kidogo. Katika mashindano ya kuogelea kuna mitindo minne, na huu wa chali ndio pekee ambao mwogeleaji haoni aendako. Wenzake wa mitindo mingine huruka kutoka ukingoni. Yeye huanzia ndani ya maji, akishika ukingo kwa mikono, uso ukielekea ukuta, miguu imekazwa ukutani kama mtu atakaye kupanda. Bunduki ikilia hujitupa nyuma. Tangu hapo huona mbingu tu, au dari. Hujua ukuta uko karibu kwa kuhesabu mikono yake, na siku hizi kwa kutazama kamba ya bendera ndogo ndogo zinazotundikwa juu ya maji mita 5 kabla ya ukuta. Asiyehesabu vizuri hugonga kichwa.

Mtindo huu uliingia katika Michezo ya Olimpiki mwaka 1900 kule Paris. Hapo kwanza waogeleaji walivuta mikono yote miwili kwa pamoja. Mwaka 1912, katika Stockholm, Bwana Harry Hebner, naye ni mtu wa Chicago, alishinda kwa kuzungusha mkono mmoja baada ya mwingine, na tangu siku hizo washindani wote wakafuata njia yake. Afrika nayo imepata sifa katika mtindo huu: Bibi Kirsty Coventry wa Zimbabwe alipata nishani ya dhahabu ya mita 200 chali mwaka 2004 kule Athens, na tena mwaka 2008 kule Beijing, na mwaka 2025 alichaguliwa kuwa Rais wa Halmashauri ya Olimpiki ya dunia, mwanamke wa kwanza na Mwafrika wa kwanza kushika kiti hicho.

Turudi kwa Kiefer. Mwaka 1933 kulikuwa na Maonyesho makubwa ya Dunia katika mji wa Chicago, na kijana huyu alipata kazi ya kulinda waogaji katika bwawa moja la maonyesho hayo. Hapo alikutana na Bwana Tex Robertson, mwogeleaji hodari wa Chuo Kikuu cha Michigan, akamwomba amfundishe. Robertson akakubali. Urafiki wao ulidumu, hata Robertson alipokwenda kufundisha katika Chuo Kikuu cha Texas, Kiefer alimfuata huko kusoma.

Mwaka 1935, akiwa mwanafunzi wa shule ya sekondari tu, mwenye miaka 16, aliogelea chali yadi 100 kwa sekunde 59.8 katika mashindano ya shule za jimbo la Illinois. Kabla ya siku hiyo hakuna mtu yeyote duniani aliyewahi kuogelea chali mwendo huo chini ya dakika moja. Mwaka uliofuata, katika mashindano hayo hayo, alipunguza tena, akatumia sekunde 58.5.

Berlin

Timu ya Marekani ilivuka bahari kwa meli iitwayo Manhattan mwezi wa Julai 1936, kwenda Berlin, mji mkuu wa Ujerumani. Kiefer alikuwa ametimiza miaka 18 majuma machache tu yaliyopita. Michezo hiyo hukumbukwa zaidi kwa ajili ya Jesse Owens, Mmarekani mweusi, aliyepata nishani nne za dhahabu katika kukimbia na kuruka mbele ya macho ya Hitler, mtu aliyehubiri kwamba watu weupe wa kabila lake ndio wakuu wa binadamu wote.

Katika kuogelea chali watu waliotazamiwa kushinda kabla ya kuja kwa Kiefer walikuwa Wajapani. Mwaka 1932 katika Los Angeles Wajapani walikuwa wamechukua nafasi zote tatu za kwanza, na mshindi wao, Masaji Kiyokawa, alikuwa amerudi Berlin kutetea cheo chake. Hakufaulu. Kiefer alimaliza mita 100 kwa dakika 1 na sekunde 5.9. Wa pili alikuwa Mmarekani mwenzake, Albert Vande Weghe, dakika 1 na sekunde 7.7, na Kiyokawa akawa wa tatu, dakika 1 na sekunde 8.4. Kwa mtu wa kawaida muda usiofika sekunde mbili si kitu. Mtu hawezi hata kufunga kifungo cha shati. Lakini katika mita 100 za maji tofauti hiyo ni kama urefu wa watu kulala sakafuni mmoja na zaidi, na waliotazama hawakuwa na shaka nani ni bwana wa mchezo huo.

Hitler mwenyewe alifika bwawani siku moja wakati wa Michezo, akampa kijana huyu mkono. Wazazi wa Kiefer walikuwa wametoka nchi hiyo, basi pengine watu wa Hitler walifurahi. Kiefer alipokuwa mzee aliulizwa sana juu ya siku ile, naye alijibu kwamba kama angalijua yatakayotokea, angalimsukuma majini akamzamisha humo humo.

Baada ya Berlin alitembea nchi nyingi akishindana. Yasemekana katika maisha yake aliogelea mashindano zaidi ya 2,000 akashindwa mara mbili tu. Kwa muda wa miaka kama minane hakuna aliyemtangulia, mpaka mwaka 1943 alipopitwa na mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Michigan, Harry Holiday. Yafaa kukumbuka pia kwamba siku hizo mwogeleaji hakuruhusiwa kulipwa hata senti moja kwa mchezo wake. Apokeaye fedha alifukuzwa katika mashindano. Basi bingwa wa dunia aliishi kama kijana mwingine yeyote, akitafuta kazi.

Miaka iliyopotea

Michezo ya Olimpiki ya mwaka 1940 ilikuwa ifanyike Tokyo, kisha ikahamishiwa Helsinki, kisha ikafutwa kwa sababu ya vita. Ile ya mwaka 1944, iliyokuwa ifanyike London, ikafutwa pia. Kiefer alikuwa na miaka 22 katika mwaka wa kwanza na 26 katika mwaka wa pili, ndiyo miaka ambayo mwili wa mwogeleaji huwa na nguvu zake zote. Michezo iliporudi mwaka 1948, naye alikuwa amefikia miaka 30 na amekwisha kuacha kushindana, mshindi wa mita 100 chali alitumia dakika 1 na sekunde 6.4. Mwendo huo ni wa polepole kuliko alivyokwenda Kiefer miaka 12 nyuma, akiwa mvulana. Rekodi yake ya Olimpiki haikuvunjwa mpaka mwaka 1952.

Mtu mwingine angalikaa akihesabu nishani alizonyang'anywa na vita. Wapo wanamichezo wengi wa kizazi kile waliofanya hivyo, wala hatuwezi kuwalaumu. Lakini ni katika miaka hiyo hiyo iliyopotea ndipo Kiefer alipofanya kazi yake kubwa.

Marekani iliingia vitani mwezi wa Desemba 1941, baada ya Wajapani kuzipiga manowari zake kwa ghafula katika bandari ya Pearl Harbor. Kiefer alijiunga na Jeshi la Majini, akawekwa katika idara ya mazoezi ya mwili na kuogelea. Huko aliona jambo lililomstaajabisha. Vijana walikuwa wakiandikishwa kwa maelfu kuwa mabaharia, wakitoka mashambani na mijini, na wengi wao hawakujua kuogelea. Wengine walikuwa hawajapata kuona bahari. Kipimo chao cha kuogelea kilikuwa umbali mfupi tu ndani ya bwawa lililotulia. Aliyefika upande wa pili, hata kwa kutapatapa, aliandikwa kuwa amefaulu.

Kisha meli zikazama. Kiefer alisema kwamba alipozitazama habari za vifo aliona kuwa Jeshi la Majini lilipoteza watu wengi zaidi kwa kufa maji kuliko kwa risasi za adui. Aliwaendea wakubwa wake akawaambia hivyo waziwazi. Si jambo jepesi kwa mtu wa cheo kidogo kwenda kwa maofisa kuwaambia kwamba watu wao wanakufa kwa kukosa mafunzo, na makarani walio katika idara yoyote ile wataelewa tunayosema. Lakini huyu alikuwa bingwa wa dunia katika jambo hilo, na maofisa wakamsikiliza. Akapewa kazi ya kuyapanga mafunzo yote upya.

Yeye mtu mmoja hakuweza kuwafundisha makuruta wote. Alifundisha walimu. Walimu waliopitia mafunzo yake wanahesabiwa kuwa 13,000, nao wakaenda katika kambi zote za Jeshi la Majini, wakawafundisha makuruta zaidi ya milioni mbili. Badala ya kipimo cha dakika chache, kuruta alipewa saa 21 za mafunzo majini.

Mambo waliyofundishwa

Msingi wa mafunzo hayo ulikuwa kulala chali. Kiefer aliutengeneza mtindo mmoja wa kuogelea chali polepole, ukaitwa kwa jina lenye maana ya "chali ya ushindi". Mtu hulala juu ya maji, huinua mikono yote miwili kwa pamoja kupita kichwa mpaka ifanye umbo la herufi V, herufi ambayo wakati wa vita ilikuwa alama ya ushindi, kisha huivuta yote miwili chini mpaka mapajani. Halafu hutulia, akiuacha mwili uteleze. Akihisi mwili unasimama huanza tena. Msomaji atatambua kwamba huku ni kurudia ule mtindo wa zamani wa mikono miwili ambao washindani waliuacha tangu siku za Hebner, kwa sababu si wa mbio. Bingwa wa mbio aliuchukua mtindo usio wa mbio, kwa kuwa alijua kwamba baharia ambaye meli yake imezama hana wa kushindana naye. Ana kusubiri tu, pengine saa nyingi, mpaka mashua ije. Anayetaka kwenda mbio atachoka, na achokaye atazama.

Siri ya kulala chali ni hii. Mwili wa watu wengi, mapafu yakiwa yamejaa hewa, ni mwepesi kidogo kuliko maji. Lakini ni kidogo tu. Kila sehemu ya mwili inayoinuliwa juu ya maji huwa mzigo unaoigandamiza sehemu iliyobaki. Kichwa cha mtu mzima kina uzito wa kilo 4 au 5. Atakayejitahidi kukiweka kichwa chote nje ya maji, na mikono pia, ni kama mtu aliyejitwika mawe. Lakini akilaza kichwa nyuma mpaka masikio yaingie majini, akajaza kifua hewa na kuinua tumbo, pua na mdomo hubaki juu bila nguvu yoyote. Miguu ikishuka, aiache ishuke. Katika bahari jambo hili ni rahisi zaidi, kwa kuwa maji ya chumvi ni mazito kuliko ya mtoni au ya ziwani. Mtu wa Kisumu hana budi kujitahidi kidogo zaidi ya mtu wa Lamu.

Lililo gumu ni masikio. Wafundishao kuogelea husema kwamba mwanafunzi hukubali yote ila kuzamisha masikio, kwa sababu sauti za dunia hukatika ghafula, akabaki akisikia pumzi zake na moyo wake tu, na hofu humwingia. Ndipo huinua kichwa kutazama, na miguu na kiuno hushuka mara moja. Mwalimu huweka mkono chini ya kisogo chake, bila kukiinua, mpaka atulie. Atakayejaribu jambo hili baada ya kusoma makala haya na afanye hivyo katika maji ya kufika kiunoni, akiwa na mtu ajuaye kuogelea kando yake; asiende peke yake, wala asijaribu katika mto uendao kasi au penye mamba na viboko.

Mabaharia walifundishwa na mengine pia. Walifundishwa kuruka kutoka mahali pa juu kama ubavu wa meli, miguu ikitangulia. Walifundishwa kuyasukuma kando mafuta yanayowaka juu ya maji kwa mikono ili kupata mahali pa kuvuta pumzi. Na walifundishwa kuvua suruali ndani ya maji, kufunga mafundo miguuni mwake, kuijaza hewa, na kuivaa shingoni kama boya. Suruali ya baharia huweza kushika hewa muda wa kutosha kumpumzisha mtu, na ikipungua huijaza tena. Hakuna awezaye kuhesabu watu waliookoka kwa mafunzo haya, kwa maana aliyeokoka haandikwi katika daftari la vifo.

Fundi wa vyombo vya maji

Vita vilipokwisha Kiefer alikuwa na mke, Bibi Joyce, waliyeoana mwaka 1941, tena hakuwa na mali. Alianzisha biashara ya vyombo vya kuogelea katika Chicago. Nguo za kuogelea za siku hizo zilikuwa za sufu, ambazo zikilowa huwa nzito kama blanketi, au za hariri, ambayo ilikuwa adimu tangu vita na Japani. Kitambaa cha nailoni kilikuwa kimetumiwa vitani kutengeneza miavuli ya kurukia kutoka ndegeni. Kiefer akaona kwamba ni chepesi, chakauka upesi na hakinywi maji, akatoa nguo ya kuogelea ya nailoni mwaka 1948. Waogeleaji wa Marekani wakaivaa, na baadaye dunia nzima.

Katika miaka ya 1960 alitengeneza kitu kingine, ambacho tukionapo mashindano katika televisheni hatukifikirii kabisa: zile kamba zenye vigurudumu vya rangi zinazogawa njia za waogeleaji. Zamani ilikuwa kamba tupu yenye maboya machache, na mawimbi ya mwogeleaji mmoja yalimfikia jirani yake. Aogeleaye chali ndiye aliyepata taabu kuliko wote, kwani wimbi lilimpiga usoni na maji yakamwingia puani. Vigurudumu vya Kiefer huzunguka wimbi linapovigusa, na kwa kuzunguka huzimaliza nguvu zake. Yule mtoto wa mferejini alikuwa angali akipigana na maji ya puani, baada ya miaka arobaini.

Kazi nyingine aliyoifanya katika miaka hiyo ilikuwa pamoja na Meya wa Chicago, Bwana Richard J. Daley, ya kujenga mabwawa ya kuogelea katika mitaa ya maskini ya mji huo. Ili kujua uzito wa kazi hiyo yafaa msomaji ajue tukio moja la nyuma. Tarehe 27 Julai, 1919, Kiefer akiwa mtoto wa mwaka mmoja, kijana mweusi wa miaka 17 aitwaye Eugene Williams alikuwa akielea juu ya gogo katika Ziwa Michigan, ufukoni mwa Chicago. Maji yalimchukua akavuka mpaka usioonekana, kuingia sehemu ambayo wazungu walidai kuwa ni yao. Mzungu mmoja alimrushia mawe, na kijana akafa maji. Ghasia zilizofuata ziliua watu 38. Katika mji wa namna hiyo watoto weusi wengi walikua hawajui kuogelea, si kwa kupenda kwao, bali kwa kufukuzwa penye maji. Kujenga bwawa katika mtaa wao, na kuweka mwalimu ndani yake, hakukufuta yaliyopita. Lakini ni maelfu ya watoto waliopata mahali pa kujifunzia.

Wakati wa uzee

Mwaka 1965 Kiefer aliwekwa katika Jumba la Kumbukumbu la Waogeleaji Mashuhuri, katika kundi la kwanza kabisa kupewa heshima hiyo. Biashara yake iliendelea miaka mingi, na watoto wake wakaishika pamoja naye. Bibi Joyce alifariki mwaka 2015, walipokuwa wamekaa katika ndoa zaidi ya miaka 70.

Bwana Kiefer alizidi kuogelea karibu kila siku hata alipopita miaka 90. Mishipa ya miguu na mikono yake ilikuwa imekufa ganzi, asiweze kusimama sawasawa wala kutembea pasipo chombo cha kushikia. Alikuwa na bwawa nyumbani kwake. Alikisukuma chombo hicho mpaka ukingoni, akakiacha hapo, akaingia majini taratibu, akageuka chali. Alifariki tarehe 5 Mei, 2017, mwenye umri wa miaka 98.